Swali Kuhusu Mpira wa Zimamoto

Fundi Makochi alikuwa amepiga magoti nyuma ya kochi, misumari midogo mdomoni, akivuta kitambaa. Mama mkwe wake, mama wa mumewe, alikaa mlangoni akiwakagua wapita njia. Mtaa mzima ulimwita Bi Redio, maana kwake habari hailali.

"Mwanangu, mbona kuna harufu ya kuungua?"

Fundi aligeuka. Cheche kutoka kwa mchomelea vyuma wa jirani ilikuwa imerukia rundo la sponji. Sponji haina subira. Kufumba na kufumbua, moto ulikuwa umeshika ukuta.

"Mama, toka! Toka nje!"

Gari la zimamoto likaja likilia. Jekundu, jipya, linang'aa. Watu wakapiga vigelegele. Maji ya kwenye tangi yakaruka kwa nguvu, kisha yakapungua, kisha yakaisha. Mkuu wa zimamoto akavuta mpira mbio hadi kwenye bomba la dharura kando ya barabara. Mpira ukakataa kuingia, kama alivyohofia. Mdomo wake ulikuwa mpana, wa bomba mwembamba. Akasukuma. Akazungusha. Wapi!

"Ndoo! Leteni ndoo!" akapaza sauti Bi Redio.

Moto ulizimwa kwa ndoo. Hakuna aliyeumia, lakini nusu ya karakana ilibaki masizi.

Kesho yake Bi Redio alijifunga kanga kiunoni. "Twende kwa hao zimamoto nikawape vidonge vyao. Gari zuri, kazi sifuri! Hao si zimamoto, ni zimamaneno."

"Ngoja kwanza, mama," alisema jirani yao. Huyu alikuwa karani wa kamati za Bunge, na wakati huo alikuwa likizo. Alikuwa akimsaidia Fundi kufagia majivu. "Mkuu wa zimamoto hakuchagua mpira ule. Aliripoti tatizo, hakujibiwa. Serikali iliweka sera kwamba kila mji upate gari la zimamoto. Wizara ikanunua magari na mipira yake. Basi wa kuulizwa ni waziri."

Fundi akacheka kwa uchungu. "Mimi nimuulize waziri? Nitamwona wapi, jirani?"

"Humwoni wewe. Anaonwa na mbunge wako. Watu wengi hudhani kazi ya Bunge ni kutunga sheria tu. Kazi yake nyingine ni kuisimamia serikali."

"Kugombana nayo?"

"Hapana. Kuiuliza. Mliahidi nini? Mmefanya nini? Matokeo yako wapi? Waziri anapoulizwa bungeni lazima ajibu, na jibu lake hurekodiwa. Asipotosheleza, kamati ya Bunge inaweza kumwita, au kuja yenyewe kuona."

"Na mbunge akitukwepa?" aliuliza Bi Redio.

"Nendeni wengi. Elezeni mlichokiona, msiongeze chumvi."

Bi Redio alinuna kidogo. Hadithi bila chumvi kwake ilikuwa adhabu.

Wakaenda ofisi ya mbunge: Fundi, Bi Redio, mchomelea vyuma, na mkuu wa zimamoto mwenyewe. Mbunge aliwasikiliza akiangalia simu. Lakini mkuu wa zimamoto alipoeleza kwamba mipira haiingii kwenye bomba hata moja la mji, mbunge aliweka simu chini. "Hata moja?" akauliza.

Siku ya maswali bungeni, kinyozi wa mtaa alifunga mashine zake na kuwasha televisheni. Watu walijaa hadi barazani. Mteja mmoja alikuwa amenyolewa upande mmoja, na hakujali.

Waziri alisimama kujibu swali la mbunge wao. "Mheshimiwa Spika, miji yote sasa ina magari ya zimamoto."

Wabunge wa upande wake wakapiga meza. Fundi akaona mambo yamekwisha.

Mbunge wao akainuka. "Swali la nyongeza, Mheshimiwa Spika. Je, mipira ya magari hayo inaingia kwenye mabomba ya mitaa?"

Waziri akafunua karatasi. Akafunua nyingine.

"Mheshimiwa Waziri, jibu swali," alisema Spika.

"Mheshimiwa Spika, naomba muda nikalifanyie kazi."

Kinyozi na wateja wake wote waliruka. "Hana jibu!" Fundi alijikuta amemkumbatia mchomelea vyuma, yule yule aliyemchomea karakana.

Spika alilipeleka suala kwa kamati husika, na kamati ikaja mtaani. Fundi aliitwa kueleza. Bi Redio akamnong'oneza, "Sema, mwanangu. Ukweli hauhitaji kigugumizi."

"Waheshimiwa," alisema Fundi, "sikuja kumlaumu mtu. Naomba mmoja wenu aushike mpira huu auingize kwenye bomba lile."

Mwenyekiti wa kamati akavua koti. Akasukuma. Akazungusha. Jasho likamtoka. Wabunge wenzake wakaacha kutabasamu. Akamgeukia ofisa wa wizara aliyekuja nao. "Miji mingine je?"

"Ni hivyo hivyo, mheshimiwa," alijibu ofisa kwa sauti ya chini.

Kamati haikununua kitu, maana hiyo si kazi yake. Iliandika mapendekezo, ikayasoma bungeni, na kuitaka wizara irudi kueleza ilichofanya. Waziri alirudi. Safari hii alikuwa na jibu: vyuma vya kuunganisha mpira na bomba vilikuwa vimetengenezwa na kupelekwa kila mji.

Siku ya majaribio mtaa mzima ulitoka. Mkuu wa zimamoto aliunganisha. *Klik!* Maji yakapaa juu ya mapaa, yakawanyeshea wote. Bi Redio alicheza humo humo, kanga imelowa chapachapa.

Asubuhi moja baadaye, jiko la duka la mikate lilishika moto. Gari lilifika, mpira ukaingia, na moto ukafa kabla ya kugusa paa.

Fundi alikuwa akishona kochi jipya mama mmoja alipoingia. "Dada, tuliambiwa kila shule itachimbiwa vyoo. Shule ya wanangu haina hata shimo. Tunaanzia wapi?"

Fundi aliweka mkasi chini, akamvutia kiti.

"Kaa, dada. Kwanza niambie: aliyeahidi ni nani?"