Yungiyungi la Ndiveni

Ernesta ni jirani yangu. Kitalu chake cha maua kimepakana na kibanda changu cha cherehani hapa Same, kando ya barabara kuu, na kati yetu hakuna ukuta, ni ua wa miti tu. Kwa hiyo asije mtu akasema nimehadithiwa. Mengine niliyaona kwa macho yangu, na mengine alinieleza mwenyewe siku ile ile, mikono yake ikiwa bado ina tope.

Ilikuwa Jumamosi ya kawaida, Pasaka ikikaribia. Mwenye mkokoteni alikuwa ameshaleta maji, na Ernesta alikaa kwenye kigoda chini ya wavu wa kivuli akigawa malili ya bustani. Aliyapindua kutoka chunguni, akakung'uta udongo, akayatenganisha matunguu kwa vidole kama anayechambua kitunguu saumu, kisha akayapanda upya kwenye makopo ya kuuzia. Binti yake Jenifer alikuwa mkekani akitafuna mpini wa mwiko. Mtoto huyo alichelewa kuota meno, ila tangu juzi mate yalikuwa yakimchuruzika na fizi zake za juu zilikuwa zimevimba. Ernesta alifurahi, akasema sasa mwanangu atakula nyama.

Siku hiyo pia alikuwa na mgeni njiani. Mama mkwe wake, Sifael, alikuwa anashuka kutoka milimani, kutoka kitongoji cha Ndiveni, kuja kumwona mjukuu. Mama huyo ni mtu wa heshima zake. Ni mzee wa usharika, kwenye kwaya yumo, na misibani yeye ndiye anayeanzisha nyimbo.

Alipomaliza malili, Ernesta akalisogelea pipa la yungiyungi la majini. Kuna nyumba ya wageni ilikuwa imeagiza mayungiyungi ya bwawa lake, na mapipa mengine yote yalikuwa yameshagawanywa. Lilibaki hili moja ambalo hajawahi kuligusa. Alikuwa analionea uchungu, na ni lazima nieleze kwa nini.

Kabla ya Jenifer, Ernesta alikuwa na mtoto wa kiume, Agape. Naye alichelewa meno. Yalipotokeza hatimaye, mawili ya juu yenye mwanya katikati, Ernesta alishika simu akampigia mama mkwe kwa furaha. Yeye hakuzaliwa Upareni. Baba yake alitoka Songea kuja kukata mkonge, na binti alikulia kwenye kambi za shamba huko tambarare. Mambo ya milimani hakuyajua. Alisema tu, mama, mjukuu wako kaota meno, kaanza na ya juu.

Kisha Sifael akasema kwa upole kwamba joto la Same si zuri kwa mtoto anayeota meno, amlete huko kwenye baridi akae naye siku chache. Mume wa Ernesta, Fredrick, alikuwa Arusha kikazi. Ernesta alikuwa na maua ya harusi ya kuandaa, na bibi ni bibi. Akampeleka.

Aliitwa msibani. Wakamwambia ni homa ya ghafla. Alimkuta Agape ameshavikwa shuka, wanawake wamelizunguka jeneza dogo, wakamsihi asifunue, atajiumiza bure. Alipoinama kulibusu shuka, midomo yake ilikuta unyevu. Wakamwambia ni jasho la homa. Alikubali, na mpaka leo hilo neno "nilikubali" akilitamka hulitema kama mtu aliyetafuna shubiri.

Baada ya mazishi alitembea peke yake hadi kwenye ndiva, lile bwawa la udongo linalokusanya maji ya mfereji ili asubuhi yafunguliwe kwenda mashambani. Katikati ya maji aliona yungiyungi jeupe limechanua. Yeye ni mtu wa maua, alijua hilo si jambo la kawaida. Ndiva hufunguliwa kila siku, maji hushuka mpaka tope linaonekana, na yungiyungi halitulii mahali kama hapo. Wanawake waliokuja kuchota walilipita wakiangalia pembeni. Ernesta alishuka akakata kipande cha mzizi, akakifunga kwenye khanga, akaja nacho Same. Alitaka kitu cha mahali alipolala mwanawe.

Hilo ndilo pipa alilolisogelea Jumamosi ile.

Alikitoa chungu chake majini, akakipindua kwenye karai, akaanza kuosha tope. Mzizi wa yungiyungi ni mnene na umelala, una macho kama ya kiazi, na kila jicho ndipo chipukizi hutokea. Unakata kipande chenye jicho, unakipanda kwenye udongo mzito, jicho likitazama juu bila kufukiwa, kisha unatandaza kokoto ili udongo usielee. Kazi hiyo Ernesta anaweza kuifanya akiwa anapiga soga. Na soga tulikuwa tunapiga, mimi nikiwa kwenye cherehani yangu, mpaka akanyamaza katikati ya neno.

Nikamwita. Nikaenda.

Alikuwa ameshika kipande cha mzizi kiganjani. Penye jicho, mahali ambapo chipukizi lingepaswa kuwa, palikuwa na meno mawili. Madogo, meupe, yamesimama kwenye nyama ya mzizi kama yanavyosimama kwenye fizi. Katikati yake palikuwa na mwanya.

Nilimwambia aache. Hakuniacha nimalize. Alichukua kisu akakata kipande cha pili, akasugua tope kwa kidole gumba. Meno mawili. Akakata cha tatu. Meno mawili na mwanya. Alikata mzizi wote, na kila jicho lilikuwa na yake. Jenifer mkekani alikuwa anacheka peke yake, akilitazama karai.

Fredrick alifika wakati huo huo kuchukua toroli, maana mama yake alikuwa ameshapiga simu kwamba yuko stendi na mizigo. Ni fundi umeme wa magari, mpole, mtu wa watu. Ernesta alimwekea kipande kimoja kiganjani, akamuuliza hayo ni meno ya nani.

Fredrick alikaa chini, pale pale udongoni.

"Agape alianza na ya juu?" akauliza kwa sauti ya chini.

"Wewe ni baba yake."

"Nilikuwa Arusha. Ulimwambia mama?"

Hapo ndipo akaeleza, huku akitazama viatu vyake. Zamani mtoto aliyetanguliza meno ya juu aliitwa kigego. Walisema atawamaliza ndugu zake, kwa hiyo hakuachwa akue. Alidhani mambo hayo yalizikwa na mababu, nani anayeyaamini siku hizi, watu wanasali. Msibani alisikia wanawake wawili wakinong'ona juu ya ndiva. Hakuuliza.

"Hukuuliza," Ernesta akasema.

"Ni mama yangu, Ernesta. Nilifikiri mavi ya kale hayanuki."

Jamani, mimi nimemjua Ernesta miaka mingi na sijawahi kumwona akiwa vile. Hakupiga kelele. Alimwambia mumewe kwamba mwanawe alizikwa na maji kifuani na yeye baba mtu alikula pilau ya matanga akiwa na habari. Alimwambia aende stendi akamlete mama yake, amlete haraka, na asithubutu kumwambia neno lolote njiani. Fredrick akajaribu kusema tumfiche Jenifer kwanza, tuseme mtoto amelala, mama asione fizi. Ernesta akamjibu kuwa mwanawe hatafichwa mdomo wake kama mwizi. Mimi mwenyewe nilitamani kumzaba kofi yule mwanaume, na nasema hivi bila aibu.

Fredrick alipoondoka, Ernesta alichukua vipande vyote akavipanda. Ndiyo, alivipanda, vizuri kabisa, kila jicho likitazama juu. Alitandaza kokoto. Akavishusha vyote kwenye lile pipa la Ndiveni, akanawa kidogo, akamchukua Jenifer akambeba kiunoni. Kipande kimoja tu alikiacha nje, kwenye chupa ya maji yenye mfuniko.

Sifael aliingia akiwa amevaa kitenge kipya, nyuma yake Fredrick na toroli la ndizi na magimbi. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba kwa uchangamfu. Ernesta hakumwamkia. Mama yule alijifanya hajaona, akanyoosha mikono amchukue mjukuu. Macho hayakuwa kwa mtoto mzima. Yalikuwa mdomoni. Na kidole cha shahada kilikuwa kimeshatangulia, tayari kupapasa fizi.

Ernesta akarudi nyuma hatua moja.

"Nawa mikono kwanza, mama. Umetoka safari."

Akamwonyesha pipa.

Sifael akacheka kidogo, akasema wakwe wa siku hizi wana usafi wa hospitali. Akakunja mkono wa blauzi. Akainama. Majani ya yungiyungi yalikuwa yametulia juu ya maji, na hapakuwa na upepo.

Akaingiza mkono.

Maji hayakutikisika. Hata kidogo. Aliingiza mpaka kiwiko na maji yakabaki yamelala kama kioo. Akataka kuutoa mkono. Haukutoka.

Akavuta. Kitu kikavuta pia.

Fredrick alisogea amsaidie. Ernesta akamtazama tu. Fredrick akasimama alipo.

Uso wa mama yule uliporomoka. Sijui niseme vipi. Ulikuwa uso wa mzee wa usharika, ukawa uso mtupu. Akapiga magoti kando ya pipa, shavu likagusa ukingo wa bati. Akaanza kunong'ona, kwanza Kipare, haraka haraka, kama anayembembeleza mtoto alale. Kisha Kiswahili.

"Niachie, baba. Niachie."

Hakuwa anamwambia yeyote kati yetu.

"Nilimwogesha tu," akanong'ona. "Maji yalikuwa kidogo. Hakulia. Mungu wangu, hakulia hata mara moja."

Ernesta akainama sikioni kwake. Sauti yake ilikuwa ya chini, lakini mimi niliisikia.

"Mtoto halii akiwa na maji mdomoni."

Kisha ule mkono ukaachiwa. Sifael alianguka chali juu ya makopo ya malili. Juu ya kifundo cha mkono palikuwa na majeraha mawili madogo, sambamba, yanatoka damu, na kati yake ngozi nzima. Aliugeuza mkono kuutazama upande wa chini, nasi tukatazama. Chini hapakuwa na alama yoyote. Kilichomng'ata kilikuwa na meno ya juu tu.

Fredrick alimrudisha milimani kwa gari lile lile lililomleta. Aliporudi jioni alikuta nguo zake ziko kwenye mfuko mlangoni, na tangu siku hiyo analala gereji.

Ernesta alikwenda polisi na ile chupa. Nilimsindikiza. Askari aliifungua, akamimina mezani, na yakatoka maji, kipande cha mzizi wa kawaida na kokoto mbili nyeupe. Walimsikiliza kwa heshima, wakasema maneno aliyoyasema mtu akiwa amepiga magoti kando ya pipa wakwe zake watayakana, na kwamba alete shahidi wa Ndiveni. Shahidi wa Ndiveni hajapatikana. Huko kila mtu siku ile alikuwa shambani.

Watu wanasema hasira hasara. Wamwambie yeye. Meno ya Jenifer yalitoka wiki ile ile, mawili, ya juu, na Ernesta hakumfunika mtoto hata siku moja. Alikwenda naye kanisani akakaa benchi la mbele. Kila alipopita mtu, Ernesta alimchekesha mtoto makusudi ili yaonekane, na macho yake yalimwambia kila mmoja athubutu aseme. Hakuna aliyesema.

Mwezi uliopita tulipanda pamoja mpaka Ndiveni. Alitaka kupanda malili kwenye kaburi la Agape, na mimi nilikataa asiende peke yake. Yungiyungi la kwenye ndiva halikuwepo tena. Pale kaburini alichimba vishimo, akafukia matunguu, akamwagilia, na hatukumwomba mtu ruhusa.

Tulipokuwa tunaondoka tulipita kwenye ua wa Sifael. Alikuwa amekaa mlangoni, amekonda, na ile kwaya ameshaiacha. Mkono umefungwa kitambaa. Wanasema amezunguka hospitali na kwa wachungaji, kidonda kinafumba na kufumbuka tena. Alimwona Jenifer mgongoni kwa mama yake. Hakutuomba kitu. Alifungua kile kitambaa taratibu, akanyoosha mkono ili tuone, kama mtoto anayemwonyesha mtu mzima alipoumia.

Yale majeraha mawili ya juu yalikuwa mabichi, na mwanya wake katikati. Kisha akaugeuza mkono. Upande wa chini, ambako siku ile hapakuwa na kitu, ngozi ilikuwa imetoboka mahali pawili.

Agape alikuwa ameota meno ya chini.