Maneno ya Amparo Hewani

Birika la kahawa lilianza kukoroma jikoni kabla hakujapambazuka. Amparo akashtuka. Alidhani yuko Madrid, na mumewe Ginés anazunguka ukumbini akitamka maneno ya wahusika wake, kama kawaida yake akiandika. Kisha akakumbuka: yuko kijijini, kwa mama yake.

Simu ikalia: ujumbe wa Ginés.

"Nyumba bila wewe ni redio iliyozimwa. Rudi, mke wangu."

Akajibu: "Sentensi nzuri. Umeirekebisha mara ngapi?"

Jibu likaja: "Nyingi."

Akaitupa simu kitandani, akaiokota, akaitupa tena.

Riwaya za Ginés zilipangwa kwenye vioo vya maduka, na tamthilia zake za runinga nchi nzima ilizitazama. Siku moja muuza mikate alimwambia Amparo huku akifuta machozi, "Umemsikia yule mke jana? 'Tangu mtoto wetu afe, nalala na mgongo wako tu.' Jamani!"

Maneno yale yalikuwa ya Amparo. Alikuwa amemwambia Ginés gizani, wakiwa wawili tu. Siku hiyohiyo akafunga sanduku.

Mama yake aliingia na kikombe. Alikuwa ameongeza sukari, kama enzi Amparo alipokuwa akiugua utotoni.

"Mama, nimekosea kuondoka?"

"Ninachoona mimi ni kwamba umekonda. Kunywa."

Mchana Ginés akashuka kwenye basi, ndevu hazijanyolewa, kwapani mkate wa duka lile analolipenda Amparo.

"Mkwe, huku hatuli sentensi," mama alisema, akampa kisu. "Menya viazi."

Akakaa, akamenya. Amparo alipiga mayai ya kimanda kwa nguvu hadi yakaruka mezani.

"Utarudi?" Ginés aliuliza.

"Nani anauliza? Wewe, au kipindi cha mwisho?"

"Kipindi cha mwisho nimewarudishia watu wa runinga. Ataandika mwingine."

"Wewe? Uache kazi katikati?"

"Kila nikimleta yule mke mlangoni, anakuwa wewe. Nami sijui kama..."

Kisu kikateleza, kidole kikavuja damu. Amparo akakifunga kwa kitambaa cha jikoni kabla hajakumbuka kwamba amekasirika.

"Kama nini, Ginés? Sema."

Mwanaume anayeiwekea nchi nzima maneno mdomoni akasukuma viazi kando.

"Usiku ule ulitaka nikujibu," alisema. "Mimi nikaenda kuandika. Niliogopa. Nikianza kumlilia sitanyamaza, Amparo. Hata jina lake..."

"Litaje."

"Siwezi."

"Mimi nalitaja kila siku, peke yangu. Litaje!"

"Elvira," alisema. Akarudia, sauti ikikatika, "Elvira wetu."

Tangu mazishi, Amparo hakuwahi kulisikia jina hilo kinywani mwa mumewe. Akakishika kile kidole kilichofungwa, akakikandamiza shavuni. Mama aliwapa mgongo, akageuza kimanda ambacho hakikuhitaji kugeuzwa, ili walie kwa nafasi.

Jioni basi likapiga honi.

"Hatuondoki pamoja?" Ginés aliuliza.

"Leo hapana. Bado nina hasira, na sitaki kurudi nayo nyumbani."

"Sawa. Nitakuandikia."

"Usiniandikie!"

Ginés akacheka huku macho yamemjaa machozi, akapanda. Basi likaanza kusogea. Amparo alisimama, akatembea, kisha akakimbia ubavuni mwake, akagonga kioo hadi dereva akapunguza mwendo.

"Ginés! Njoo tena Jumapili, tafadhali. Unisimulie unavyomkumbuka Elvira."