Baba Pacha na Marejesho ya Kodi Yaliyochelewa

Ndugu zangu, sogeeni tusikilizane. Ninayotaka kuwaeleza hayakutokea mbali. Yametokea kwenye nyumba ya watu tunaosalimiana nao kila asubuhi, na wenyewe wameniruhusu niyasimulie, ila wameomba nisiwapake mafuta wala nisiwapake matope.

Baba Pacha ni fundi wa majokofu. Watu humtania kwamba mtaa mzima hunywa maji baridi kwa mikono yake, lakini nyumbani kwake friji ni kabati la viatu. Jumapili moja alasiri alikuwa amejinyoosha kwenye kochi, pacha wake wawili wa kike wakigombania rangi ya kuchorea, mkewe akipiga pasi sare za shule. Mama yake mzazi, ambaye sote tunamwita Bibi, aliketi mezani akijimiminia chai kutoka kwenye chupa. Nyumba ilikuwa tulivu, ya watu wasiodaiwa na mtu.

Chai ikamwagika yote kwenye kitambaa cha meza.

"Nani amesogeza kikombe changu?" Bibi akauliza.

Hakuna aliyekisogeza. Pacha walicheka, wakidhani bibi yao anafanya mzaha. Mama Pacha hakucheka. Alizima pasi, akamtazama mumewe.

Walipompeleka hospitali, daktari wa macho hakuwazungusha. "Mama ana presha ya macho," alisema. "Ugonjwa huu hula uoni kimya kimya. Uliokwishapotea haurudi, tunaokoa uliobaki tu. Matone haya yatatusogeza kidogo, lakini anahitaji upasuaji macho yote mawili. Msikawie."

Gharama ilikuwa kubwa, lakini Baba Pacha alitoka hospitali akiwa na matumaini. Mwaka uliotangulia alikuwa amefanya kazi kwenye kampuni mbili, na zote mbili zilimkata kodi ya mapato kupita kiasi. Alikuwa tayari amejaza mtandaoni ritani yake, yaani taarifa ya mapato na kodi aliyokatwa, yeye na mkewe, wakihakiki kila tarakimu. Hapakuwa na uongo hata chembe. Serikali ilitakiwa kumrejeshea fedha za kutosha kumtibu mama yake. Mfumo ulimjibu kwamba ritani imepokelewa na inahakikiwa.

Kisha kimya.

Wiki zikapita, mwezi ukaisha, ukaanza mwingine. Kila simu ilipolia kwa ujumbe, Baba Pacha aliikimbilia kama mtu anayengoja ambulensi, akakuta ni tangazo la vifurushi. Akaanza kuwakaripia watoto kwa makosa madogo. Mwishowe akaenda ofisi ya kodi.

"Ritani yako ipo, kaka," alisema dada wa kaunta. "Tunalinganisha ulichojaza na makato waliyoyaleta waajiri wako. Wewe ulikuwa nao wawili, ndiyo maana inachukua muda."

"Muda gani?"

"Siwezi kukudanganya. Wengine hupata mapema, wengine husubiri miezi. Ikikamilika utapata ujumbe."

"Mama yangu anapofuka, dada."

Dada yule alishusha macho. "Pole sana. Andika barua ya kuomba kuharakishiwa, ueleze ugonjwa, uambatanishe cheti cha daktari. Nitakuonyesha pa kuipeleka."

Ndugu zangu, shikeni hapo. Njia aliipata, tena bure. Lakini mtu akishachoka kusubiri, neno barua humwingia kama tusi. Alishukuru kwa midomo, akatoka.

Nyumbani, mkewe alikuwa na wazo lingine. "Nimeongea na watu wa ustawi wa jamii pale hospitali. Wanakubali tulipe kidogo kidogo. Tutangulize mshahara wangu wa mwezi huu, mama atibiwe, hayo marejesho yatatukuta njiani."

"Nikajidhalilishe hospitali wakati hela yangu ipo?"

"Ipo wapi, Baba Pacha?"

Baba Pacha aliinuka. Alivaa viatu akatoka.

Mkabala na ofisi ya kodi kuna chumba kidogo cha kutoa fotokopi, na mle anakaa mtu ambaye wateja wake humwita Chapchap. Hana mshahara wa ofisi wala kitambulisho cha ofisi, lakini utamsikia akisema "sisi mle ndani". Baba Pacha alimweleza shida yake, na Chapchap akatikisa kichwa kwa huruma kama mjomba.

"Ritani yako imelala kwa sababu imekonda, mkubwa. Tuinenepeshe. Tunaiondoa hii, tunaweka iliyorekebishwa. Unatunza wazee wawili wengine, una mkopo wa nyumba, vyote hivyo vinapunguza kodi. Mtu wangu anaipitisha, wiki mbili hela iko mkononi, tena zaidi ya uliyotarajia."

"Sina wazee wengine."

"Nani atakuja kuwahesabu?"

Akataka neno la siri la akaunti, akalipata. Akataka ujira wake kwanza, na hapo ndipo Baba Pacha alipokwenda kwa mkopeshaji, akaweka rehani vifaa vyake vyote vya kazi: mtungi wa gesi, pampu, geji ya kupimia gesi, mashine ya kuchomelea. Kwa mkewe hakusema neno.

Wiki mbili zikaisha. Chapchap akasema mtu wake yuko safari. Kisha akasema mtandao unasumbua. Kisha simu yake ikawa haipatikani, na chumba cha fotokopi kikawa na kijana mwingine asiyemjua mtu yeyote wa jina hilo.

Asubuhi moja Mama Pacha alikwenda stoo kuchukua ndoo. Pale vifaa vilipokaa miaka yote palikuwa na sakafu tupu.

"Vifaa viko wapi?"

"Nimemwazima mtu."

"Nakuuliza kwa mara ya mwisho, baba watoto. Viko wapi?"

Akamweleza yote, ameinama kama mwanafunzi. Kabla mkewe hajapata la kusema, walisikia kishindo ukumbini. Bibi alikuwa amejigonga kwenye ubao wa mlango uliokuwa nusu wazi, upande wa kushoto. Alikuwa ameketi chini, anajipapasa paji la uso.

"Jicho hili limezima," alisema kwa sauti ya kawaida kabisa. "Tangu juzi. Sikutaka kuwasumbua, nilijua mnasubiri hela."

Siku hiyohiyo ofisi ya kodi ilimpigia. Aliitwa kwa mahojiano.

Mkewe alifuatana naye. Waliingizwa katika chumba chenye meza moja na feni inayolalamika. Afisa, mama wa makamo mwenye miwani, aligeuza skrini ili waione.

"Kabla ya yote nikwambie kitu kimoja," alisema. "Ritani yako ya kwanza ilikuwa safi. Ilikuwa imeshapita hatua zote, yamebaki malipo tu. Juma lilelile ukaiondoa ukaweka hii."

Baba Pacha alishika ukingo wa meza.

"Sasa nisaidie. Hawa wazee wawili unaowatunza ni akina nani?"

Feni ikazunguka. Angeweza kutunga majina. Chapchap alikwishamfundisha namna. Mama Pacha hakumgusa wala hakumtazama. Alisema tu, polepole, "Sema kweli, turudi nyumbani."

"Hawapo," alisema Baba Pacha. "Hawajawahi kuwapo. Ninaye mama mmoja tu."

Kwa kuwa alisema mwenyewe, na akamtaja aliyemshawishi, hakupelekwa mahakamani. Lakini alipigwa faini, na uhakiki ukaanza upya, mwisho kabisa wa foleni. Mkopeshaji naye hakusubiri uhakiki wa mtu. Muda wa rehani ulipoisha aliviuza vifaa vyote, na fundi tuliyemzoea akawa kibarua kwenye karakana ya fundi aliyewahi kumfundisha yeye mwenyewe.

Mama Pacha alirudi ustawi wa jamii na mshahara wake mkononi. Bibi alipasuliwa ndani ya juma hilo. Jicho la kulia likaokolewa. La kushoto daktari alilimulika, akazima tochi, akatikisa kichwa.

Bandeji ilipofunguliwa, Baba Pacha alipiga magoti kando ya kitanda akamweleza mama yake kila kitu, hata wale wazee wawili wa kubuni. Bibi alimsikiliza hadi mwisho.

"Mbona hukuniuliza mimi mwenye macho?" alisema. "Ningekwambia twende tukaombe tulipe kidogo kidogo. Unaona aibu kuomba? Mimi nilikulea kwa kuomba, mwanangu. Ada yako niliiomba, sare zako niliziomba. Sikupungukiwa kitu."

Marejesho yalikuja baadaye sana, yakiwa yamemegwa na faini. Yote yakaenda hospitali.

FUNZO

Ndugu zangu, ofisi ya kodi ina lake la kujibu. Kuhakiki kunahitaji muda, hilo tunalielewa, lakini kumwacha mtu miezi bila neno ni kumsukuma mikononi mwa akina Chapchap, na wenye ofisi walisikie hili.

Sisi nasi tulichukue letu. Fedha ambayo bado inahakikiwa si fedha yako. Usiikopee, usiipangie, wala usimcheleweshe mgonjwa kwa ajili yake. Ukichoka kusubiri, nenda kaunta, uliza, andika, rudi tena. Neno lako la siri usimpe mtu, hata akikuita mkubwa. Na usiongeze kwenye ritani kitu ambacho hakipo, kwa sababu Baba Pacha alikuwa na haki yake kamili na aliipoteza kwa mkono wake mwenyewe, siku chache kabla ya kuipokea.

Lililo kubwa kuliko yote ni aibu ile ya kuomba kulipa kidogo kidogo. Nyumba yenye mgonjwa haina nafasi ya aibu ya namna hiyo. Bibi anapotembea siku hizi hutembea ameshika ukuta wa kushoto, na mwanawe kila akimwona hugeuza uso.