Jani Lililofuta Kiatu

"Pasi, Pasi, hapa Dobi. Nguo ina doa. Lifuliwe leo."

"Pasi anasikia. Saa ngapi?"

"Saa kumi alasiri, lango la Londorossi. Askari wanne, pingu moja. Jina ni lile lile uliloliandika wewe mwenyewe."

"Nimepokea."

Redio ya Motorola ikanyamaza. Amon Bukuru akaificha ndani ya mkoba wa kamera yake ya Nikon, akachomeka bastola aina ya Browning kiunoni, akaishushia shati. Mkunjo wa suruali yake ulikuwa umenyooka kama rula. Alifundishwa kunyoosha nguo katika shule ya bweni, na hakuona sababu ya kuacha kwa kuwa tu siku ile alikuwa anakwenda kumtia mbaroni rafiki yake.

Saa moja asubuhi. Moshi, Januari 1996. Mlima ulikuwa wazi hadi kileleni.

Nje ya hoteli liliunguruma Land Rover 110 la kijani, na kwenye usukani alikaa Filemon Massawe, mwongoza watalii mashuhuri kuliko wote wa upande ule.

"Miwa!" alipaza sauti. "Bado unavaa kama unakwenda kukaguliwa na kaka mkuu?"

"Ndizi," alijibu Amon. "Na wewe bado hujui kuchana nywele."

Majina hayo yalikuwa ya bwenini. Amon alikuwa mtoto wa mkata miwa kutoka Kigoma, naye alizaliwa kwenye mashamba ya sukari kusini ya mji wa Moshi. Filemon alitoka migombani. Walilala kitanda cha juu na cha chini kwa miaka minne. Filemon alijua kwamba rafiki yake alikuwa mtu wa bima huko Dar es Salaam, aliyekuja likizo kutazama wanyama.

Hakujua zaidi ya hapo.

Hakujua kwamba katika wiki sita zilizopita tembo saba walikuwa wameuawa magharibi ya mlima, habari iliyofichwa hata kwa waongoza watalii. Kila mara ilikuwa vile vile: siku ya safari watalii waliwaona hai, na kabla jua halijazama wale wenye meno makubwa walikuwa wamelala bila nyuso. Askari mmoja wa hifadhi aliyewafuata majangili hao alirudishwa kwa mkewe ndani ya turubai. Katika kambi waliyoikimbia, palipatikana karatasi moja tu: ramani ya njia za tembo, iliyochorwa kwa mkono.

Amon aliutambua mwandiko kabla hajamaliza kuikunjua karatasi. Akaandika jina. Urafiki haukuwa kiapo. Kazi ilikuwa kiapo.

Abiria walikuwa wachache. Wajerumani wawili, mtu na mkewe, wasiojua Kiswahili zaidi ya "asante". Nyuma yao alikaa Mwalimu Theodora, mstaafu kutoka Kibosho, ambaye watoto wake walimlipia safari.

"Shikamoo, mwalimu," Amon alimwamkia.

"Marahaba, mwanangu. Miaka sitini nimelima huku mlima huu umenikaa mgongoni. Leo nakwenda kuutazama usoni."

Abiria wa mwisho walimpitia Masama, mbele ya boma lililozungushiwa ua wa mimea mirefu yenye majani mapana. Alikuwa Urbanus Swai, mwanamume mnene mwenye chupa kubwa ya chai begani. Jina lake lilikuwa katika orodha ya kila safari, sawa na la Filemon. Lakini Dobi, yule mkuu wake wa redioni, alikwisha kumchunguza na kumsafisha: mwenyeji wa Masama, mkulima wa kahawa, barua ya kijiji anayo. Mtu wa kwao. Ndege ndio waliompeleka mlimani kila mara, alisema, na daftari la ndege alikuwa nalo.

Filemon alikuwa ameinama kukagua tairi la nyuma. Urbanus aliruka mfereji wa kumwagilia, akateleza, akajipaka tope jekundu hadi kwenye vifundo. Akanyoosha mkono, akachuma jani kwenye ule ua, akafuta kiatu cha kulia, kisha cha kushoto, akalitupa barabarani.

"Nimezaliwa hapa, nimelelewa hapa," alisema akicheka huku akipanda. "Na bado tope la kwetu linanionea!"

Mwalimu Theodora hakucheka. Alilitazama lile jani hadi gari lilipokata kona.

Kitu fulani kilimwasha Amon akilini. Hakukipata. Alikuwa na doa lake la kutazama, nalo lilikuwa limeshika usukani.

Walipita Sanya Juu, wakapita Ngarenairobi, wakaingia Londorossi. Msituni, mbega walirukia matawi wakiburuta mikia yao myeupe. Wajerumani wakapiga picha hata za majani. Filemon aliendesha kwa mkono mmoja na kusoma msitu kama mtu asomaye gazeti.

"Kinyesi hiki ni cha asubuhi. Watatu, na dume moja. Dume zito."

"Umejuaje?" Amon aliuliza.

"Nilijuaje wanafunzi waliotoroka bwenini? Kwa nyayo, Miwa."

Mwenye ujuzi huo angeweza kuuuza. Amon aliliweka neno hilo moyoni, pamoja na mengine.

Saa saba walitokea kwenye uwanda wa Shira. Hewa ilikuwa nyembamba, jua kali, upepo baridi. Pofu wanne waliwatazama kwa dharau, wakaendelea kula. Filemon alizima gari ukingoni, akashusha darubini polepole.

"Yule pale," alinong'ona. "Padri."

Bondeni, mwisho wa nyasi na mwanzo wa msitu, lilitembea dume kubwa la tembo, taratibu, kichwa chini, kama mtu aliyebeba sakramenti. Meno yake yalikaribia kugusa ardhi. Askari wa hifadhi ndio waliompa jina hilo.

Filemon akachukua redio ya gari. "Ofisi, Padri yupo bonde la mwisho. Waambieni wenzetu walio njiani wawahi."

Amon akaikariri sentensi ile. Ndiyo hiyo. Kwa sauti kubwa, mchana kweupe, mbele ya mashahidi.

Kisha Filemon akafanya jambo ambalo halikuwa katika hesabu. Alitoa karatasi, akachora haraka bonde, msitu na njia ya tembo, akaandika jina la tembo na tarehe. Akampa Mjerumani. Akachora nyingine. Akampa Mwalimu Theodora. Ya tatu akampa Urbanus, ya nne akampa Amon.

"Kumbukumbu ya safari," alisema. "Kila mgeni wangu huondoka na moja. Kamera huharibika, Miwa. Karatasi hubaki."

Amon aliishika. Mwandiko ulikuwa ule ule. Kumbe ramani iliyopatikana kambini ingeweza kutoka mfukoni mwa mgeni yeyote.

Yeyote?

Urbanus alikuwa anashuka, chupa ya chai begani. "Naomba radhi. Baridi hii na kibofu changu havipatani." Akapotea nyuma ya jabali.

Mwalimu Theodora akamvuta Amon shati.

"Mwanangu, yule mtu si wa Masama."

"Ana barua ya kijiji, mwalimu."

"Barua inaandikwa na mkono. Hukuona alichofutia kiatu? Lile ni isale! Kwa isale tunapanda mipaka, kwa isale tunawalaza wazee wetu. Ukimkosea mtu, hata kwa kumwaga damu, ukimpelekea jani lile hawezi kukukatalia msamaha. Mchagga afute tope kwa isale? Hata mlevi wetu hafanyi hivyo, labda awe amelewa tangu tumboni mwa mamaye!"

Hapo ndipo kilichokuwa kinamwasha kilipofunuka.

Kidato cha pili. Filemon alikuwa amemsingizia wizi wa mkate, kwa kukosea, naye Amon akala fimbo sita. Jumapili iliyofuata Filemon alirudi kutoka nyumbani na jani moja lililofungwa fundo, akaliweka kitandani pake mbele ya bweni zima. Mtoto wa mkata miwa akauliza, "Hili jani la nini? Ninywe chai?" Wote wakavunjika mbavu. Filemon hakucheka. "Kwetu ukipewa hili," alisema, "huwezi kukataa."

Asiyejua maana haambiwi maana. Yeye aliambiwa, akasahau.

Amon alishuka. Hakukimbia. Alizunguka jabali kutoka upande ulikoelekea upepo.

Kitako cha ile chupa kilikuwa kimefunguliwa. Ndani yake palikuwa na redio ndogo ya Yaesu. Mkononi mwa Urbanus kiling'aa kifaa cha Garmin, kile kisomacho mahali kwa setilaiti.

"...bonde la mwisho. Dume moja, meno yote mawili. Namba za mahali nimekwisha kuwapa."

"Tunakuja. Dakika arobaini."

"Bwana Swai," Amon alisema, "chai imepoa?"

Haikuwa imepoa. Urbanus aliigeuza chupa kwa nguvu, na chai ya moto ikamchoma Amon shingoni. Bastola ndogo ya Beretta ikachomoka. Amon akaupiga mkono ule kwa Nikon. Risasi ikapasua jabali.

Wakashikana. Mita elfu tatu na mia tano juu ya bahari, hakuna mtu anayepigana kwa muda mrefu. Goti la tumbo. Kiwiko cha shingo. Mtu mnene akaketi chini akihema kama mvukuto, na mdomo wa Browning ukatulia nyuma ya sikio lake.

Redio ya Yaesu ilikwaruza. "Vipi huko? Tumesikia mlio."

Amon akaiokota. Upepo wa Shira huzifanya sauti zote kuwa moja.

"Jiwe limeanguka. Padri ameshtuka! Anashuka njia ya zamani ya magogo, nyuma ya lango. Mkateni huko."

"Mbona sauti yako..."

"Huku hakuna hewa, bwana! Mnakuja au nimtafutie mwingine?"

Amon akahesabu. Sekunde tano. Kumi.

"Tunakuja."

Amon akatoa Motorola yake. Neno lililofuata lilikuwa zito kuliko yote aliyowahi kuyatamka kazini.

"Dobi, hapa Pasi. Doa si lile. Nimekosea. Narudia, nimekosea mimi. Jina lile lifutwe. Weka askari wote kwenye njia ya magogo."

"Nimepokea, Pasi."

Walipofika langoni, Urbanus akiwa amefungwa kwa kamba ya kuvutia gari na Amon akiwa ameahidi kueleza yote huko, milio miwili ya bunduki ilisikika msituni, kisha filimbi. Wanaume watatu walilazwa kifudifudi kando ya Land Cruiser lao. Juu kabisa, Padri aliendelea kula majani yake.

Lakini koplo mmoja alikuwa ameachwa langoni, na katika haraka ile hakuna aliyemwambia. Alilijia Land Rover akiwa na karatasi mkono mmoja, pingu mkono mwingine.

"Filemon Massawe? Uko chini ya ulinzi."

"Hati hiyo imefutwa," alisema Amon, akamwonyesha kitambulisho. Koplo akakakamaa, akapiga saluti.

Filemon alikitazama kitambulisho, akaitazama bastola, akaitazama pingu.

"Bima, siyo?"

"Si bima."

"Nani aliliandika jina langu?"

Angeweza kusema ofisi. Angeweza kusema Dar es Salaam. Shule waliyosoma haikuwafundisha hivyo.

"Mimi."

Koplo akamshusha Urbanus, na Filemon akatia gari gia.

Alipita Ngarenairobi, macho barabarani. Akapita Sanya Juu vile vile. Wajerumani walizirudisha kamera zao mkobani, ingawa hawakujua kwa nini. Mwalimu Theodora alisali rozari yake kimoyomoyo, midomo ikicheza.

Masama, jua likiwa limeegemea Meru, Amon alisema, "Simama hapa."

Akashuka. Mfereji ulimmeza hadi vifundoni. Alipiga hodi, akamwomba mwenye boma ruhusa, naye mama yule, alipokwisha kumtazama usoni, akamkatia jani kwa kisu chake mwenyewe. Amon akalifunga fundo. Akazunguka hadi dirisha la dereva, akamnyooshea kwa mikono miwili.

Filemon alilitazama lile fundo.

"Hili jani la nini?" aliuliza. "Ninywe chai?"

Nyuma, Mwalimu Theodora akajifuta macho kwa ncha ya khanga.

Filemon akalipokea, akalichomeka juu ya kioo cha mbele. "Panda, Miwa."

"Mpeleke mwalimu kwake, Ndizi. Mimi natafuta aliyeandika barua ya kijiji."

Motorola ilikwaruza mkobani. "Pasi, hapa Dobi. Nguo imetakata?"

"Imetakata."

Akaizima, akaanza kuipanda njia ya migombani, mgongo wima, mwendo wa gwaride. Viatu vyake vilikuwa na tope jekundu. Hakuvifuta.