Mpaka Getini Tu

Jua lilikuwa limekaribia kuzama nyuma ya vilima vya mchanga, na Ismael Kooper alikuwa bado anawasubiri wageni wake maegeshoni. Kazi yenyewe ilikuwa ndogo. Kuwapakia watu kumi, kuwatoa kilomita sitini na tano mpaka getini, kuwafikisha kambini ambako Bertus, mpishi, alikuwa ameshawasha moto. Geti la hifadhi hufungwa saa nzima baada ya jua kuzama, na mwongozaji anayechelewa huandikiwa barua ofisini. Ismael hakuwahi kuandikiwa hata moja. Miaka kumi na minane aliifanya safari hii ya siku tano: Windhoek kwanza, kanisa la mawe na nyama choma ya sokoni Katutura, kisha jangwani, kisha pwani, kisha nyumbani.

Wageni walitoka bondeni wawili wawili, viatu mkononi, wamechoka kwa raha. Bonde lile ni sakafu nyeupe ya udongo mkavu, na juu yake imesimama migunga iliyokufa mamia ya miaka iliyopita. Haianguki wala haiozi. Wageni hulipenda sana. Ismael alilichukia tangu Agosti.

Agosti, kwenye maegesho hayohayo, mkewe Lisbet alikuwa anawakatia wageni mkate wa asubuhi. Alisema ana kizunguzungu. Akakaa chini, akalala ubavu kama mtu anayetafuta usingizi, na hakuamka tena.

Lisbet ndiye aliyekuwa mpishi wa safari hizi tangu mwanzo. Ismael aliendesha na kueleza, Lisbet alipika na kuhesabu. Kila kituo alisimama mlangoni mwa gari akamgusa kila mgeni begani anapopanda. Hawakuwahi kumwacha mtu. Baada ya mazishi kule Windhoek, ofisi ilimwonea huruma Ismael, ikampa njia za kaskazini. Sasa miezi tisa ilikuwa imepita, na hii ilikuwa mara yake ya kwanza kurudi hapa.

Kusimama mlangoni pale alipokuwa anasimama Lisbet kulimshinda. Alikaa kwenye usukani, akawahesabu kwa kioo, kwenye mwanga hafifu na vumbi.

Vichwa kumi.

Akawasha gari.

Kilomita tano za mwanzo ni mchanga mtupu, na dereva hana nafasi ya kuwaza jambo lingine. Walipofika kwenye lami ndipo alipovuta pumzi. Kiza kilikuwa kinaingia. Kijana Mholanzi aliyekaa nyuma yake alikuwa anatazama picha kwenye kamera. Wengine walikuwa wamesinzia.

Kisha akaisikia harufu.

Buchu... ule unga wa majani ambao wanawake wa Kinama, kabila la Lisbet, hujipaka shingoni. Buchu, na chini yake kitunguu, kama mikono iliyokuwa jikoni kutwa nzima.

Ismael alikaza usukani. Hapakuwa na mwanamke wa Kinama ndani ya gari lile. Kulikuwa na Wataliano wanne, Waholanzi watatu, mtu na mkewe kutoka Kanada, na bibi mmoja Mreno aliyeitwa Teresinha. Huyo alikuwa muuguzi mstaafu wa miaka sabini na mmoja, mwenye pumu, na kiti chake kilikuwa cha peke yake, nyuma kabisa, karibu na sanduku la barafu. Sokoni Katutura alikula nyama na pilipili mpaka machozi yakamtoka, akamwambia Ismael, "Mwanangu, nikifia hapa usinirudishe kwetu, kwetu hawajui kupika." Ismael alicheka, na hakuwa amecheka siku nyingi.

Alitazama kioo.

Aliyekaa kiti cha nyuma hakuwa Teresinha.

Gauni la viraka. Kilemba cheupe. Uso ulikuwa umeinama, lakini mtu aliyelala na mkewe miaka ishirini na mitano hahitaji kuuona uso. Gari liliendelea kwenda, kwa sababu mguu wake haukukumbuka kufanya jambo lingine.

"Baba Frieda," sauti ikasema. Ilikuwa chini, karibu na sikio lake, ingawa aliyesema alikuwa kule nyuma. "Usisimame."

Ismael aliendelea kukanyaga mafuta.

"Nimechoka na mahali pale. Hakuna mtu. Miti ile haisemi kitu." Kisha akaongeza, "Nipeleke mpaka getini tu. Nikishavuka geti, najua njia ya nyumbani."

Hapo Ismael aliikumbuka siku iliyotangulia.

Kwenye njia ya kushuka kutoka nyanda za juu kuna rundo kubwa la mawe, kaburi mojawapo la Haiseb, yule wa kale aliyekufa mara nyingi na kufufuka mara nyingi. Mnama halipiti mikono mitupu. Kila msafiri huweka jiwe lake na kuombewa njia: aende na arudi. Lisbet aliogopa upepo wa pale, hivyo kila safari alibaki garini, na Ismael alimwekea la kwake. Jana aliteremka na wageni, kila mmoja akaweka jiwe huku wakipigana picha, na mkono wa Ismael ukaokota mawili bila kumuuliza mwenyewe.

"Kaka, mwili mmoja mawe mawili?" Bertus alimtania. "Au unene umeongezeka?"

"Hili la Lisbet."

Bertus aliacha kucheka palepale. "Liondoe."

"Mazoea tu, Bertus."

"Jiwe ni la anayesafiri, kaka. Umemwombea nani njia?" Alimsogelea, akanong'ona wageni wasisikie. "Liondoe, nakuomba."

Ismael hakuliondoa. Kuliondoa lile jiwe kungekuwa kumzika mara ya pili, na ile ya kwanza ilikuwa bado inamuuma.

Sasa alielewa. Alimwombea Lisbet njia, naye akapewa. Lakini gari lilikuwa na viti kumi vya wageni, na vyote vilikuwa na watu. Kwa hiyo Teresinha yuko wapi?

Alijua yuko wapi. Yuko bondeni, peke yake, bila maji, dawa yake ya pumu ikiwa kwenye mkoba humu garini. Mwezi wa Mei jangwa lile usiku lina baridi ya kukata mifupa. Geti likishafungwa nyuma yao hakuna gari litakaloingia mpaka asubuhi.

Alijua yote hayo. Na hakusimama.

Tusimtetee. Mwenyewe hakuwahi kujitetea. Aliendesha kilomita moja, akasema moyoni, ngoja nimtazame kidogo. Akaendesha ya pili. Lisbet aliinua uso, na ulikuwa uso wake kabisa, mchovu, wenye lile kovu dogo la mafuta ya moto karibu na mdomo. Akaendesha ya tano, ya nane. Alikuwa analia bila sauti na machozi yalimwingia mdomoni. Miezi tisa alikuwa amelala upande mmoja wa kitanda. Aliwaza, bibi yule ni mzee, ameishi, ana wajukuu, amesema mwenyewe nikifia hapa... Ndiyo, mpaka huko alifika.

"Getini tu," Lisbet akasema. "Karibu tunafika."

Kwa mara ya kwanza sauti yake ilikuwa na haraka. Hiyo haraka ndiyo iliyomwamsha Ismael. Lisbet aliyemjua hakuwahi kuharakisha gari likiwa halijatimia. Mara moja aliwasimamisha wageni saa nzima juani kwa ajili ya Mjapani mmoja aliyekwenda kujisaidia nyuma ya mlima.

Ismael alikanyaga breki. Walikuwa kwenye kilima kile kikubwa ambacho watu hukipanda asubuhi, kilomita kumi na tano tangu lami ilipoanza.

"Shuka," akasema.

Mholanzi aliinua macho. "Kuna nini?"

"Shuka, mama Frieda. Kiti ni cha mtu."

"Unaongea na nani?" Mholanzi aliuliza. Kisha akageuka kutazama nyuma, na midomo yake ikaachana.

Sauti ya nyuma ikasema polepole, "Umeniweka njiani mwenyewe."

"Najua."

"Kisha unanishusha."

"Najua, mke wangu. Nisamehe. Shuka."

Mlango wa pembeni ulifunguka. Ni mlango mzito, hufunguliwa kwa mikono miwili. Upepo ukaingia na baridi. Mke wa Mkanada akaamka, akavuta shali. Kisha mlango ukajifunga, taratibu, kama anavyoufunga mtu asiyetaka kuwaamsha waliolala. Ismael aligeuza gari. Taa zilipopita ukingoni mwa barabara aliona mchanga tu. Hakutazama kioo tena, aliogopa kwamba akimwona amesimama pale atarudi.

Walimkuta Teresinha chini ya mgunga mmoja mkavu katikati ya bonde. Ismael alikimbia na tochi mchangani mpaka kifua kikawaka. Bibi alikuwa hai. Alikuwa anapumua kwa mluzi, midomo ya buluu, mikono yote miwili imeshika magoti. Ismael alimwekea dawa mdomoni, akambeba mgongoni, na bibi alikuwa mwepesi ajabu.

Njiani pumzi ilipomrudia, alimnong'oneza sikioni.

"Mama yule yuko wapi?"

"Mama gani?"

"Wa gauni la viraka. Nilikuwa nakuja garini na wenzangu. Akaniita kwa mkono, akaniambia nikae nipumzike, gari bado. Mtu mwema sana. Alinigusa bega." Teresinha alikohoa. "Nilishangaa anaongea Kireno, tena Kireno cha kijijini kwetu."

Ismael aliendelea kutembea. Lisbet hakujua hata neno moja la Kireno. Na Lisbet, katika uhai wake wote, hakuwahi kumdanganya mgeni.

Kambini Bertus aliwapokea na supu ya moto. Alimtazama Ismael usoni, akamtazama bibi aliyefunikwa mablanketi, akatikisa kichwa.

"Umemshusha?"

"Nimemshusha."

"Basi," Bertus akasema, akamjazia bakuli. "Kula, kaka. Uligeuza. Wengine hawageuzi."

Hakumuuliza aligeuza wapi, na Ismael hakumwambia.

Siku tatu zilizobaki zilikwenda kama inavyotakiwa: pwani, flamingo, keki za Kijerumani, watu kununua vinyago. Mholanzi alihamia kiti cha mbele na hakupiga picha tena. Siku ya tano Ismael aliwaaga wageni uwanja wa ndege. Teresinha alimkumbatia, akamwambia amemwokoa. Ismael alishindwa kumwangalia machoni. Ile barua ya ofisini ilikuwa inamsubiri, akaisaini bila kuisoma.

Alifika nyumbani Katutura jua likiwa linazama nyuma ya mabati. Frieda, binti yake wa pekee, alikuwa ametoka kazini, duka la dawa, na alikuwa amekaa jikoni bila kuwasha taa.

"Umefika, baba."

"Nimefika. Mbona gizani?"

Frieda alikuwa na macho ya mtu ambaye hajalala. "Nimemwota mama," akasema. "Siku tatu mfululizo."

Ismael alivuta kiti, kisha hakukikalia.

"Anatembea," Frieda akasema. "Siku ya kwanza alikuwa mchangani, karibu na kilima kikubwa. Nikamwambia, mama, mbona hukupanda gari, si baba alikuwa huko? Akasema, nilipanda. Baba yako kanishusha."

Ismael hakuwa amemwambia mtu mwingine yeyote. Bertus alikuwa amebaki pwani akisubiri kundi jingine.

"Si ndoto tu, baba?"

"Na siku ya pili?"

"Alikuwa anapandisha mlima, ule wenye mawe. Miguu imevimba." Frieda alielekeza mkono dirishani. "Jana alikuwa nyuma ya vilima hivi hapa. Akaniuliza kama kitanda chake bado kipo. Nikamwambia kipo, njoo. Nilikosea?"

"Hukukosea."

"Namtamani, baba. Hata akiwa hivyo."

"Hata mimi," Ismael akasema. Na ilikuwa kweli, na ukweli wake ulimtisha kuliko kitu chochote alichokiona jangwani.

Alitazama nyumba. Vyumba viwili, watu wawili. Alifikiria bibi chini ya mgunga na midomo yake ya buluu. Lisbet hakuja na ubaya. Alikuja na nafasi yake tu, na kila nafasi aliyoikalia ilibidi mtu aitoke.

"Chukua sweta," akamwambia Frieda. "Utalala kwa shangazi yako Okahandja."

"Leo? Kwa nini?"

"Nenda tu, mwanangu."

Alimsindikiza mpaka kwenye teksi, akamgusa begani alipokuwa anapanda. Frieda alishusha kioo.

"Na wewe utalala wapi?"

"Mimi nipo."

"Baba. Utamfungulia?"

Ismael alipiga bodi ya gari kwa kiganja, dereva akaondoka, naye akasimama mpaka taa nyekundu zikakata kona. Mtaa wote ulikuwa na kelele zake za jioni, redio, watoto, mtu anagombana na mbwa wake.

Kisha, kuanzia mwisho wa barabara, mbwa mmoja baada ya mwingine wakaacha kubweka...

Alirudi akaufungua mlango wazi kabisa. Alitandika kitanda upande wake na upande wa Lisbet, vizuri, kwa mikono yote miwili. Alitoa viatu vyake mwenyewe nje, na koti lake, na blanketi moja. Akakaa chini nje, ukutani, upande wa barabara, ili Lisbet atakapofika akute ndani kuna nafasi.