Msichana wa Mwavuli wa Lesi

Gari ilikuwa imeshapita Hammersmith, sanduku la Miska liko nyuma, ndipo Shaame alipoelezwa kosa lenyewe. Ilikuwa Juni 2005. Shaame, dereva wa teksi, zamani mpelelezi wa polisi Wete, alidhani anawapeleka uwanja wa ndege wa Heathrow dada yake Ummukulthum, shemeji yake na binti yao Miska kwa safari ya likizo.

"Likizo gani? Namrudisha Pemba, hasomi tena," alisema Abdulwakil, baba mtu. "Tazama anavyojianika kwenye intaneti!"

Shaame aliegesha kituo cha petroli, Hounslow, akaikunjua picha aliyopewa na shemeji yake, imechapwa toka intaneti. Ya wiki iliyopita. Msichana kavaa kama wasichana wa Tokyo: gauni la malinda, lesi tele, wigi la dhahabu. Mwavuli umemficha uso. Mikono iliyoushika imechorwa maua kwa piko, rangi nyeusi mfano wa hina. Chini: Miska, miaka 17, London. Sifa zimemiminika toka Osaka mpaka São Paulo.

"Si mimi, wallahi," Miska alilia, kwa Kiingereza kama kawaida yake.

"Basi jini?" baba yake akamkatiza.

"Gauni la nani?" Shaame akauliza.

"La Lorraine. Wa shuleni. Alilisahau kwetu."

Shaame akampigia.

"Picha nimeiona, anko. Gauni langu, mikono si yangu. Sisi Wakikuyu tupake hayo maua kwa harusi ya nani?"

Shaame akaishika mikono ya Miska. Mitupu.

"Shemeji, kwetu mwari huchorwa piko?"

"Hachorwi mpaka aolewe."

"Na hii uliitazama?"

"Mara moja tu. Haya ilinizidi."

"Basi huyu ana mume." Shaame aligeuka nyuma. "Dada. Toa mikono."

Ummukulthum aliitoa ndani ya buibui. Maua yaleyale, yameanza kupauka.

Abdulwakil aliinyakua picha, akailinganisha na mikono ya mkewe.

"Niliolewa n'na miaka kumi na sita," alisema Ummukulthum. "Nililivaa gauni siku moja, nyumba tupu, kamera nikaiweka ijipige. Nikaweka jina la mwanangu, langu nani angelitaka? Wa huko kwenye intaneti wakaniuliza kesho n'tavaa nini. Sijapata kuulizwa."

"Na mtoto ungemwacha apande ndege?" Shaame akauliza.

"Nilisema moyoni nitasema tukifika Hammersmith. Halafu nikasema, Hounslow."

"Mama," Miska akasema, kwa Kiswahili, "ungeniacha?"

Ummukulthum aliirudisha mikono ndani ya buibui.

Abdulwakil alisafiri peke yake. Talaka ilikuja kwa simu. Ummukulthum alihamia Kingsbury, humohumo London, akawa mshonaji dukani kwa muuza nguo mmoja, Pravin. Miska alilelewa na mjomba wake, akamaliza shule, akawa muuguzi. Mama yake humpigia simu Idi kwa Idi. Lorraine hakulitaka tena gauni. Wasichana wa Osaka waliandika miezi mingi wakiuliza Miska wa mwavuli yuko wapi.