Mwamba wa Akina Kalunde

Kila alfajiri Josepha alijitwika ndoo na kushika njia ya bwawani. Kwenda ni saa moja na nusu. Kurudi ni saa mbili, maana ndoo ikijaa hata njia hurefuka.

Ulikuwa mwezi wa tisa, mwaka 1975. Kijiji cha Umoja, karibu na Usoke, kilikuwa na mwaka mmoja tu tangu watu wahamishiwe pale. Kilikuwa na shule, ghala la tumbaku na darasa la watu wazima. Maji ndiyo hakikuwa nayo. Visima viwili vilichimbwa, na vyote viliishia kwenye jiwe kavu.

Mwenyekiti Lugembe aliwaambia wazi. "Mafundi watachimba mara moja tu tena. Tukikosa maji, tutahamishwa."

Josepha alimfikiria mama yake, Bibi Nyamizi, mwenye miaka themanini. Safari ya kwanza bibi huyo alipandishwa kwenye lori pamoja na kuku na mahindi. Aliposhuka aliumwa kiuno miezi miwili.

"Mimi sihami tena," alisema. "Mkihama, niacheni hapahapa."

Josepha alijua mama yake hatanii. Aliogopa sana.

Mume wa Josepha aliitwa Modest. Alikuwa hodari wa kusoma kuliko wote katika darasa la watu wazima, na alijijua. Mwalimu Koleta alimpa kazi ya kuandika historia ya mahali pale, ili wanakisomo wapate kitu chao cha kusoma. Modest alikwenda kwa baiskeli hadi Tabora mjini kwa Mzee Humaidi, ambaye babu yake aliongoza misafara ya pembe za ndovu. Akawauliza pia wazee wanaume wa kijijini. Kisha akasimama mbele ya darasa, akasoma.

"Msafara ulikuwa na watu mia tatu. Walibeba pembe, vitambaa na bunduki. Walipita hapa wakienda Ujiji na kurudi. Hapa walipiga kambi."

Watu walipiga makofi. Mwalimu Koleta alipiga pia, kisha akauliza, "Watu mia tatu walikula nini?"

"Ugali," alijibu Modest.

"Nani alisaga unga? Na hapa palivyo pakavu, maji walikunywa ya wapi?"

Modest aligeuza kurasa za daftari lake, mbele na nyuma. "Hilo sikuuliza," alisema.

"Mama atajua," alisema Josepha. "Mama yake mzazi alitembea na misafara hiyo."

Koleta alishangaa. "Bibi Nyamizi? Si anakaa nyuma ya jiko lenu? Modest, mbona hukumuuliza?"

"Mwalimu, yule ni mkwe wangu."

Darasa zima liliguna kwa kuelewa. Kwa mila ya Wanyamwezi hawa, mwanamume haketi na mama mkwe wake, wala hazungumzi naye ana kwa ana. Modest akimwona njiani, huingia porini, hata kama pana upupu.

Koleta hakuicheka mila. "Heshima ishikeni," alisema. "Lakini asiyeweza kuuliza amtafute anayeweza. Historia iliyoulizwa kwa wanaume peke yao ni nusu. Josepha, chukua daftari."

"Naandika polepole, mwalimu."

"Na wazee husema polepole. Andika jina la anayesema. Kisha tafuta mtu wa pili, ulinganishe. Mwisho nenda ukaone mahali penyewe kwa macho yako."

Asubuhi Josepha alimkuta mama yake akichambua kunde.

"Mwangaluka, mayu," alimwamkia kwa Kinyamwezi. Akaketi, akafungua daftari. "Nisimulie safari za mama yako."

Bibi Nyamizi aliacha kunde.

"Miaka yote hii," alisema, "hakuna aliyeniuliza."

Akasimulia. Mama yake aliitwa Kalunde. Mume wa Kalunde alibeba pembe. Kalunde alibeba chungu, jembe na mtoto mgongoni. Wakifika kwenye kambi ya hapa, wanaume walitua mizigo na kulala. Wanawake ndio kwanza walianza kazi. Walisaga nafaka juu ya mwamba mpana, mpaka mwamba ukaingia mashimo. Mwamba ule ulikuwa karibu na maji, kwa sababu hakuna mwanamke atakayesaga mbali na maji. Wakati wa kiangazi walichimba mchanga upande wa mashariki, penye mikuyu, hadi maji yatoke.

Josepha aliandika mpaka vidole vikauma. Mtu wa pili alikuwa Mzee Lukumani, mrina asali aliyejua kila mti wa pori lile.

"Mwamba wenye mashimo? Naujua," alisema. "Sisi tunasema ni nyayo za punda wa Waarabu."

Kesho yake walikwenda, pamoja na Mzee Lukumani na Mwalimu Koleta. Bibi Nyamizi alipakiwa kwenye baiskeli, Josepha akaisukuma. Modest alitangulia mbali, akifyeka miiba bila kugeuka nyuma hata mara moja. Shingo ilimkakamaa siku mbili.

Mwamba ulikuwa umefunikwa na majani makavu. Koleta na Josepha walifagia kwa matawi. Likatokea shimo moja, laini, refu kama kiganja. Likatokea la pili. Wakafagia mpaka mwamba wote ukawa wazi. Josepha alihesabu mashimo sitini na moja.

Josepha alipiga magoti, akatia mkono ndani ya shimo. Jiwe gumu namna ile, limelika kwa mikono ya wanawake, siku baada ya siku, na majina yao hayakuandikwa popote. Machozi yakamtoka.

Mzee Lukumani alivua kofia. "Na sisi tukasema punda," alisema kwa sauti ndogo.

Bibi Nyamizi alikwenda moja kwa moja kwenye shimo la pembeni. "Mama alisagia la mwisho," alisema, "ili mtoto akilia asiwasumbue wenzake."

Mikuyu ilikuwa bado imesimama upande wa mashariki. Josepha alimsomea Lugembe maelezo yake, neno kwa neno. Mwenyekiti hakuwa mtu wa kuamini upesi. Alikwenda, akauona mwamba, akarudi kuwaita mafundi. Mafundi walichimba penye mikuyu. Siku ya pili walitoa mchanga wenye unyevu. Siku ya nne maji yalifika magotini, baridi na matamu.

Kijiji hakikuhama.

Siku ya kufungua kisima, Modest alipewa historia mpya aisome. Mwandishi wake alikuwa Josepha. Bibi Nyamizi aliketi nyuma ya ukuta wa shule, ili mkwewe asimwone. Modest alilijua hilo, akasoma kwa sauti kubwa kuliko ilivyohitajika. Alisoma juu ya chungu, jembe, mtoto mgongoni, na shimo la pembeni.

Alipomaliza, Bibi Nyamizi alimwita Josepha.

"Mwambie huyo anayesoma," alisema, "arudie pale penye jina la mama yangu."